Mvumilivu na Mbivu: Miaka Sitini ya Faten Hamama

Kuna aina ya mwanamke ambaye sinema ya Misri ilimpenda sana katikati ya karne iliyopita. Ni mdogo wa umbo, sauti yake haipandi, macho yake hujaa machozi kabla hajajitetea. Akisingiziwa, hunyamaza. Akionewa, humwachia Mungu. Na kwa kuwa filamu haina budi kufika mwisho, dakika chache kabla taa hazijawashwa ukweli hujulikana, mkosaji huumbuka, na binti wa watu huolewa na anayempenda. Sisi tuna methali ya mambo hayo: mvumilivu hula mbivu.

Faten Hamama aliigiza nafasi hiyo mpaka nchi nzima ikaamini kwamba ndivyo alivyo. Magazeti yakamwita malkia wa skrini ya Waarabu, na akabaki na cheo hicho hadi alipofariki tarehe 17 Januari 2015, akiwa na miaka 83. Aliacha karibu filamu mia moja na tamthilia mbili kubwa za televisheni, kazi iliyoanza mwaka 1940 na kumalizika mwaka 2000. Wanaomkumbuka kwa kawaida hukumbuka upole. Ninachotaka kueleza hapa ni jinsi upole ule ulivyogeuka kuwa mtaji, na jinsi mwenyewe alivyoutumia, filamu baada ya filamu, kuuliza swali ambalo methali yetu hailiulizi: na yule aliyevumilia miaka yote, mbivu isije?

Alizaliwa tarehe 27 Mei 1931, binti wa mtumishi wa wizara ya elimu, na utoto wake unahusishwa na Mansoura, mji wa Delta ya Nile. Baba yake alituma gazetini picha ya bintiye akiwa amevaa kama muuguzi, kwa ajili ya shindano la watoto. Picha ikashinda, kisha ikamfikia mwongozaji Mohammed Karim, aliyekuwa akitafuta mtoto wa kuigiza pamoja na mwimbaji Mohamed Abdel Wahab, yule yule ambaye nyimbo zake zilivuka bahari na kuacha alama katika taarabu ya Zanzibar. Filamu hiyo, Yawm Sa'id (Siku ya Furaha), ilitoka mwaka 1940. Karim alipomwona mtoto yule mbele ya kamera, akamwongezea sehemu.

Ilikuwa bahati ya wakati vilevile. Studio Misr, iliyojengwa kwa fedha za Benki ya Misr ya Talaat Harb, ilikuwa imefunguliwa mwaka 1935, na Cairo ilikuwa inageuka kuwa karakana ya filamu ya ulimwengu mzima wa Kiarabu. Karakana ile ilihitaji nyuso. Mwaka 1944 Faten akajiunga na taasisi mpya ya uigizaji jijini Cairo, na muda si muda akawa binti wa kila baba mkali na mchumba wa kila kijana maskini. Akiwa na miaka kumi na sita aliolewa na mwongozaji Ezz El-Dine Zulficar. Walizaa binti, Nadia, kisha wakaachana mwaka 1954.

Mwaka huo huo wa 1954 ndio uliotoka Sira' fi al-Wadi (Mapambano Bondeni) ya Youssef Chahine. Maofisa wa jeshi walikuwa wamempindua Mfalme Farouk miaka miwili nyuma, na sheria ya kugawa upya ardhi ilikuwa imepitishwa Septemba 1952. Filamu inamhusu Pasha anayefurika maji kwenye mashamba ya wanakijiji kwa sababu miwa yao imeishinda yake. Faten ni binti wa Pasha. Anayempenda ni mtaalamu wa kilimo, mtoto wa kijiji, aliyeigizwa na kijana mgeni katika sinema ambaye jina lake la kuzaliwa lilikuwa Michel Shalhoub. Ulimwengu ungemjua kwa jina la Omar Sharif. Alisilimu, wakaoana mwaka 1955, na filamu ile ikashindanishwa katika tamasha la Cannes.

Tazama nafasi aliyopewa hapo. Dhuluma ni ya baba yake. Yeye ni msafi. Dola mpya ilihitaji mtu wa namna hiyo kwenye skrini, mtoto wa tabaka la zamani ambaye moyo wake uko upande wa wanyonge. Usafi wa Faten ulikuwa unafanya kazi ya kisiasa hata pale filamu ilipojifanya inasimulia mapenzi tu.

Lakini usafi ukikaa sana hugeuka gereza, na naamini alilitambua hilo mapema. Mwaka 1957, katika La Anam (Silali) ya Salah Abu Seif, iliyotokana na riwaya ya Ihsan Abdel Quddous, aliigiza binti mwenye wivu anayeivunja ndoa mpya ya baba yake kwa uongo uliopangwa vizuri. Mhusika aliitwa Nadia Lutfi, na jina likawa maarufu kiasi kwamba mwigizaji mwingine chipukizi akalichukua kuwa lake la kisanii na kulitumia maisha yake yote. Uso ulikuwa ule ule wa malaika. Safari hii uongo ulitoka kwenye kinywa kile, na mtazamaji hakuwa na mahali pa kujificha.

Miaka miwili baadaye ikaja Dua al-Karawan (Wito wa Karawani), ya mwongozaji Henry Barakat, kutoka riwaya ya Taha Hussein ya mwaka 1934. Msichana wa kijijini, Hanadi, ametongozwa na mhandisi aliyekuwa akimfanyia kazi za ndani. Mjomba wake anamuua jangwani kulinda heshima, mbele ya mama na mdogo wake. Mdogo huyo ni Amna, yaani Faten. Hawezi kumgusa mjomba, kwa kuwa mila iko upande wake. Basi anaapa kulipiza kwa mhandisi: anaingia nyumbani kwake kama mtumishi, akikusudia kumwangamiza, na humo ndani anajikuta anampenda.

Mama wa mabinti wale aliigizwa na Amina Rizk, mwanamke aliyezaliwa mwaka 1910 na kuanza kazi jukwaani tangu miaka ya 1920, ambaye kwenye filamu alikuwa mama wa kila mtu. Katika Dua al-Karawan kazi yake kubwa ni kushuhudia na kuishi na alichokiona. Mshike mkononi huyo mama. Tutamhitaji tena baada ya miaka kumi na sita.

Faten anamwigiza Amna kwa utulivu wa kutisha. Yupo jikoni, anapanga vyombo, anaitikia "ndiyo bwana", na chini ya kila "ndiyo" kuna kisu. Hapo ndipo, kwa mara ya kwanza, unyamavu wa binti mwema unaacha kuwa subira na kuwa mkakati. Filamu hiyo ilishindanishwa Berlin mwaka 1960.

Mwaka huo wa 1960 alifanya filamu nyingine inayosahaulika upesi na wanaopenda sinema nzito, nami nadhani wanakosea. Nahr al-Hob (Mto wa Mapenzi) ni Anna Karenina ya Tolstoy iliyohamishiwa Misri. Aliyeiongoza ni mume wake wa zamani, Zulficar. Aliyeigiza mpenzi wake ni mume wake wa wakati ule, Omar Sharif. Nawal ameolewa na Pasha mzee asiyempenda. Anampenda mwingine. Anataka talaka, na mume hampi. Kwa kuwa hakuna mlango mwingine, hadithi inamalizika pale ilipomalizikia ya Tolstoy, relini.

Miaka mitatu baadaye kuna treni nyingine. Al-Bab al-Maftuh (Mlango Wazi), tena ya Barakat, ilitokana na riwaya ya Latifa al-Zayyat iliyochapishwa mwaka 1960. Layla ni mwanafunzi wa Cairo anayekua kati ya maandamano ya miaka ya 1940 na vita vya Suez vya 1956. Baba anampiga kwa kuandamana. Binamu anamwambia anampenda, kisha anamsaliti. Profesa anamchumbia kwa sababu anamwona mtiifu, na anamwambia wazi kwamba utii ndio alioupenda. Mwishoni Layla anaivua pete na kukimbilia treni iendayo Port Said, mji uliokuwa unashambuliwa. Faten alikuwa na miaka thelathini na miwili akiigiza msichana wa chuo, lakini ukimtazama anavyokimbia kando ya behewa huwezi kuhesabu miaka. Treni iliyomuua Nawal ndiyo inayomchukua Layla.

Ningependa kusema kwamba kuanzia hapo njia ilikuwa wazi. Haikuwa hivyo. Mwaka 1965 alifanya filamu ambayo wengi, nami nikiwamo, wanaihesabu kuwa kilele chake: Al-Haram, jina ambalo msomaji wa Kiswahili hahitaji kutafsiriwa. Riwaya ni ya Yusuf Idris, ya mwaka 1959. Mwongozaji ni Barakat yule yule. Aziza ni kibarua wa msimu, mmoja wa maelfu waliokuwa wakisombwa kwenda kufanya kazi katika mashamba makubwa ya pamba ya Delta. Mumewe ni mgonjwa. Siku moja anatamani kiazi kitamu, na Aziza anaingia shamba la mtu kumchimbia. Huko anabakwa. Hamwambii mtu. Anaificha mimba chini ya nguo, anaendelea kuinama mashambani chini ya jicho la mnyapara, anajifungua peke yake kando ya mfereji. Mtoto analia, naye anamziba mdomo ili kambi isisikie. Kisha anarudi kazini, kwa sababu asiyefanya kazi halipwi, mpaka homa ya uzazi inapomwangusha.

Hakuna hotuba katika filamu hiyo, wala machozi ya kupendeza. Faten aliyejenga jina kwa kulia vizuri, hapa hana muda wa kulia. Idris anaimaliza riwaya kwa jambo chungu: mti wa pale Aziza alipojifungulia unageuka mahali pa kuzuru kwa wanawake wanaotafuta mtoto. Watu wanamfanya wa baraka yule waliyeshindwa kumpa hata maji ya kunywa.

Al-Haram ilikwenda Cannes, nayo ilistahili. Lakini kuna jambo moja tusilipite. Kisa chake kimewekwa kabla ya mapinduzi ya 1952. Pasha wa Mapambano Bondeni ni wa zama za mfalme. Hata Layla wa Mlango Wazi anafungua mlango unaoelekea kwenye vita vya taifa, ambavyo dola ilivipenda. Sinema ya wakati wa Nasser iliruhusu hasira nyingi, na filamu nyingi nzuri zilitoka humo, lakini mara nyingi kwa sharti lisiloandikwa: dhuluma iwe ya jana. Dhuluma ya leo haikuwa na mwigizaji.

Faten aliijua ya leo kwa ngozi yake. Mwaka 1966 aliondoka Misri, na baadaye alieleza kwamba aliondoka kwa sababu ya kubanwa na idara ya ujasusi. Aliishi kati ya Beirut na London na kuigiza filamu chache nje. Mumewe, tangu Lawrence of Arabia ya mwaka 1962, alikuwa mtu wa Hollywood. Ndoa yao ilibaki kwenye karatasi hadi 1974. Nasser alifariki Septemba 1970. Faten alirudi nyumbani mwaka 1971, akiwa na miaka arobaini.

Miaka arobaini, kwa mwigizaji wa kike, ndiyo saa ambayo waongozaji huanza kumletea nafasi za mama wa mhusika mkuu. Yeye alikubali kuwa mama, lakini akakataa kukaa pembeni. Katika Imbraturiyat Mim (Himaya ya Mim) ya mwaka 1972, iliyoongozwa na Hussein Kamal, ni mjane mwenye watoto sita ambao majina yao wote yanaanza kwa herufi ya mim. Ana kazi yenye madaraka, ana mwanamume anayempenda, na ana nyumba inayomgomea. Watoto wanadai uchaguzi: nani aiongoze familia? Naye anakubali kura ipigwe. Katika nchi ambayo marais walikuwa wakipata karibu kura zote, mama anayesubiri matokeo sebuleni kwake bila kuwa na uhakika ulikuwa utani wenye meno.

Kisha ikaja 1975 na Uridu Hallan (Nataka Suluhisho).

Ili kuielewa lazima tuielewe sheria kwanza. Mwanamume wa Misri aliweza kuacha kwa neno, bila kwenda mahakamani. Mwanamke aliyetaka kuachika ilimpasa athibitishe madhara, chini ya sheria namba 25 ya mwaka 1929, na madhara hayo yawe ya kiasi kwamba maisha ya ndoa hayawezekani "kati ya watu mfano wao". Maneno hayo yana uzito. Kofi moja lingeweza kuhesabiwa madhara kwa mke wa waziri, na lisihesabiwe kwa mke wa mchukuzi. Juu ya hayo kulikuwa na bayt al-ta'a, nyumba ya utii (neno letu "utii" na ta'a yao ni ndugu wa tumbo moja): mume aliweza kupata hukumu ya kumtaka mke aliyeondoka arudi nyumbani, na akikaidi anapoteza haki ya masurufu. Mpaka mwaka 1967 polisi waliweza kutumwa kumrudisha kwa nguvu. Na aliyeachwa, hata awe ameishi na mumewe tangu usichana, alistahili masurufu ya kipindi cha eda tu, kisichozidi mwaka.

Kisa kiliandikwa na mwandishi wa habari Hosn Shah na kuongozwa na Said Marzouk. Durriya, yaani Faten, ni mke wa mwanadiplomasia. Ameelimika, mtoto wake amekua, nyumba yake ni nzuri. Hataki tena kuishi na mume huyo na anaomba talaka kwa adabu. Mume hataki. Hiyo ndiyo hadithi nzima. Anakwenda mahakamani akidhani ni jambo la wiki chache, na kesi inakula zaidi ya miaka minne. Kuna mashahidi wa uongo, kuna tarehe za kuahirishwa, kuna hakimu anayesoma kitabu cha sheria kama kilivyo. Mwishoni anashindwa.

Ni Nawal yule yule wa 1960, mke anayenyimwa talaka na mume mwenye cheo, ila sasa hakuna Pasha wa zama zilizopita wa kulaumiwa. Jengo ni la serikali iliyopo. Sheria ni inayotumika asubuhi hiyo ya kutazama filamu. Wala hakuna mpenzi wa kuipa hadithi utamu. Durriya hataki kuondoka ili aolewe na mwingine. Anataka kuondoka tu. Na aliyekuwa akiomba hivyo alikuwa na uso ambao watazamaji walikuwa wameupenda tangu mtoto. Kwa miaka thelathini na mitano walikuwa wamefundishwa na filamu zake kwamba mwanamke huyu akivumilia atalipwa. Sasa walimwona anavumilia mpaka mwisho, na hakulipwa. Ingekuwa mwigizaji mwingine, wangeweza kujiambia kwamba labda ana makosa yake.

Lakini kilichoifanya filamu hiyo kuwa kubwa, kwangu, si Durriya. Ni koridoni. Marzouk anamketisha malkia wa skrini kwenye benchi pamoja na wanawake wengine wenye mafaili yao, na kila mmoja anasimulia lake. Mmoja wao ni Hayat, mwanamke mzee aliyeachwa uzeeni na kubaki bila riziki, anayezunguka mahakamani akidai masurufu. Anayemwigiza ni Amina Rizk. Mama aliyeshuhudia bintiye akiuawa katika Dua al-Karawan sasa anaongea, na aliyekuwa bintiye amekaa kando yake anasikiliza. Faten, mwenye jina kubwa kuliko wote kwenye tangazo la filamu, anafanya kile ambacho nyota hawapendi kufanya: anatulia na kumwachia mwingine kamera.

Husemwa mara nyingi kwamba Uridu Hallan ilibadilisha sheria. Tarehe zinataka tuwe waangalifu zaidi. Sheria namba 44 ilikuja mwaka 1979. Ilimpa mke haki ya kuarifiwa mume anapooa mke mwingine na kuhesabu ndoa hiyo kuwa madhara. Ilimpa aliyeachwa bila ridhaa yake kiinua mgongo kisichopungua masurufu ya miaka miwili. Ilimruhusu mama mlezi kubaki nyumbani na watoto. Hayo ndiyo aliyoyalilia Hayat. Lakini haikupita bungeni kwa mjadala. Sadat aliitoa kwa amri wakati bunge liko mapumzikoni, na wapinzani wakaibandika jina la mkewe: sheria ya Jihan. Mei 1985 Mahakama ya Juu ya Katiba ikaifuta, kwa hoja kwamba hapakuwa na dharura ya kuhalalisha amri ile. Miezi miwili baadaye ikapitishwa sheria namba 100 iliyorudisha sehemu kubwa ya yaliyofutwa, ila ndoa ya pili haikuhesabika tena kuwa madhara yenyewe. Ikawa juu ya mke kuthibitisha. Zawadi iliyotoka ikulu iliondoka kirahisi kama ilivyokuja.

Kwa hiyo filamu haikuandika sheria. Ilichofanya ni kuliondoa jambo lile kwenye orodha ya aibu za chumbani. Baada ya 1975 mtu aliweza kusema "kama Durriya", na sebule nzima ikaelewa bila mke yeyote aliyekuwapo kulazimika kutaja ndoa yake.

Faten hakugeuka mhubiri baada ya hapo. Aliigiza vichekesho vyenye uchungu kama Afwah wa Aranib (Midomo na Sungura) mwaka 1977, na mwaka 1988, akiwa na miaka hamsini na saba, akakubali kuongozwa na Khairy Beshara, mmoja wa kizazi kipya kilichopeleka kamera mitaani. Katika Yawm Mur, Yawm Helw (Siku Chungu, Siku Tamu) ni mjane wa mtaa wa Shubra anayelea watoto kwa madeni. Mjane huyo si malaika. Anawabana watoto wake, anafanya maamuzi mabaya kwa sababu mazuri ni ya wenye fedha, na uvumilivu wake unawaumiza wanaomtegemea.

Wakati huo kumbi za sinema zilikuwa zimepungua nguvu na hadithi zimehamia sebuleni. Televisheni ya Misri ilianza mwaka 1960, na kufikia miaka ya 1980 tamthilia ndiyo iliyokuwa ikikusanya familia jioni, hasa Ramadhani. Nyota wengi wa rika lake waliiona kama kushuka daraja. Yeye aliingia mwaka 1991 na Damir Abla Hikmat (Dhamiri ya Mwalimu Hikmat), iliyoandikwa na Usama Anwar Okasha na kuongozwa na mwanamke, Inam Mohamed Ali. "Abla" ndivyo watoto wa shule wa Misri wanavyomwita mwalimu wa kike. Hikmat ni mkuu wa shule ya wasichana anayejaribu kuendesha shule kwa uadilifu katika mji ambao kila kitu kimeanza kuuzwa. Binti aliyekuwa akiokolewa na ukweli dakika za mwisho sasa ndiye anayeulinda kila asubuhi, kengele ikilia.

Tamthilia yake ya mwisho, Wajh al-Qamar (Uso wa Mwezi), ilionyeshwa mwaka 2000. Katika mwaka huo huo ilipitishwa sheria namba 1, iliyompa mwanamke wa Misri haki ya khului bila kuhitaji ridhaa ya mume: anarudisha mahari, anasamehe haki zake za fedha, na mahakama, ikishindwa kuwapatanisha, inavunja ndoa. Hahitaji kuthibitisha madhara wala kuleta shahidi. Robo karne baada ya hukumu yake, Durriya angeshinda kesi.

Angeshinda kwa sababu anaweza kulipa. Khului ni mlango, na mlango ule una kiingilio. Mke wa mwanadiplomasia anaweza kusamehe masurufu na kuondoka na mkoba wake. Hayat hakuwa akitafuta kuachika, ameshaachwa. Alichokuwa akitafuta ni chakula. Kwake sheria ya 2000 haikuwa na neno. Ilibidi ingojwe mwaka 2004, zilipoanzishwa mahakama za familia pamoja na mfuko, kupitia Benki ya Nasser, wa kuwalipa masurufu waliopewa hukumu na mume asilipe. Amina Rizk alikuwa amefariki mwaka mmoja kabla.

Ndiyo maana, mtu akiniuliza aanzie wapi katika filamu karibu mia za Faten Hamama, simwelekezi kwenye zile za machozi wala zile za Omar Sharif. Namwambia aanze na Uridu Hallan, na akifika koridoni asimtazame Faten. Amtazame yule anayetazamwa na Faten.